Siku Bibi Alipoketi Langoni

Mvua ya kwanza ikigusa vumbi, harufu yake hunirudisha kwenye asubuhi moja ya ukungu, nikimfuata bibi yangu, mfinyanzi wa vyungu, kwenda kuchimba udongo bondeni, nyuma ya kwetu Milanzi. Umande ulikuwa wa baridi hata nyayo zikafa ganzi, nikajiona kama ninaelea.

Tulikuta bonde limezungushiwa seng'enge.

"Shikamoo, bibi," alisema mlinzi. "Hapa sasa ni pa mwekezaji. Anajenga kiwanda cha matofali."

"Marahaba. Nani kamuuzia? Mama yangu alichimba hapa."

Bibi akatua kikapu, akaketi langoni. Wafinyanzi wenzake walipofika nao wakaketi, wakiongea Kifipa taratibu, kama mvumo wa nyuki. Hawakuondoka mpaka meneja wa mwekezaji alipochoka, akawaruhusu waingie mara moja tu, kila mmoja na kikapu kimoja.

Nilidhani bibi atafinyanga chungu cha kupeleka sokoni. Badala yake alinipakata, akaniwekea ule udongo mikononi, akaifunika mikono yangu kwa yake.

"Jifunze leo, mjukuu wangu," alisema. "Usiogope. Ukiharibika, tutaukanda upya."