Kesi ya Unyapara, Barabara ya Koboko

Kumbikumbi wa kwetu Aroi, ukitaka watoke kabla ya siku yao, unawadanganya. Mama yangu alikuwa anakaa karibu na kichuguu, anagonga ubao kwa vijiti viwili, ta-ta-ta-ta, wadudu huko chini wanadhani mvua imeanza, wanatoka wenyewe. Sisi watoto tulichimba kifereji cha kuwapeleka shimoni. Mama alikuwa mkali kwa kifereji kuliko kwa sala. Kikipinda, unachimba upya. Nadhani ndipo nilipojifunzia mifereji, maana shuleni niliishia darasa la tatu na sikumbuki kitu cha huko isipokuwa wimbo mmoja, tena nusu.

Basi serikali iliponiajiri kwenye gengi ya barabara, Koboko, tayari nilijua maji yanapenda kupita wapi. Nikapandishwa cheo, nikawa nyapara, nikapewa na barua. Halafu ikaja vita ya sabini na tisa, serikali ikapinduliwa. Tukakimbilia Kongo, barua ikapotelea njiani pamoja na godoro. Wakati ule tulililia godoro.

Tuliporudi, ofisi ya idara ya barabara, Arua, ilikuwa na wakubwa wapya na mafaili ya zamani yalikuwa yameungua. Wakaniandika kibarua. Miaka mingi nikaongoza gengi hivyo hivyo, kibarua, mpaka wakamleta shemeji ya mkubwa wetu, mtu wa viatu vizuri, awe nyapara juu yangu. Hapo nikasema naenda kortini.

Mke wangu akaniuliza, "Baba ya watoto, unataka kazi au karatasi?"

"Karatasi. Iandikwe kwamba mimi ni nyapara."

"Na ukishaipata?"

"Nitaona."

Mwalimu mmoja wa Ombaci akaniandikia mashtaka. Hakimu alikuwa mnene, mcheshi, na kesi zake karibu zote zilikuwa za mipaka ya mashamba ya Ayivu, ambayo alizoea kwenda kuikagua kwa miguu yake. Akaniuliza atajuaje kama kweli mimi nilikuwa nyapara, na barua sina. Akafunga daftari lake.

"Basi twende tukaangalie."

Wakili wa serikali akaruka. "Mheshimiwa, hii si kesi ya shamba! Cheo hakina mpaka."

"Barabara je, haiko mahali? Twende."

Tukaenda sote kwa Landrova ya idara, shemeji yule akiwa mbele na dereva. Mvua ilikuwa imenyesha asubuhi. Mpaka kwenye jiwe moja lililopakwa chokaa gari lilikwenda vizuri, kwa sababu kipande hicho tulikitengeneza kabla shemeji hajaja. Baada ya jiwe alikuwa ametuambia mifereji ni kupoteza muda. Gari likapita jiwe, likazama mpaka mlangoni.

Gengi yangu ilikuwa karibu, ikaja na majembe. Shemeji akapiga kelele, "Sukumeni!" Wanaume sita wakashika gari nyuma, wasisukume, wakinitazama mimi.

"Ninyi hamsikii?"

"Tunasikia, bwana," mmoja akasema. "Tunangoja mzee aseme."

Sikusema sukumeni. Niliwaambia kwanza wakate mfereji wa pembeni, maji yatoke, kisha waweke matawi chini ya magurudumu. Ndipo nikaita moja, mbili, na Landrova ikaruka, ikamwogesha wakili matope kuanzia tai kwenda chini.

Hakimu, suruali ameikunja magotini, akamwuliza mzee mmoja wa gengi kwa Kiswahili cha jeshi, "Hapa iko nyapara ngapi?"

"Iko moja tu, afande. Huyu. Ile ingine iko na viatu."

Hakimu alicheka mpaka akashika boneti ya gari, na juu ya boneti hiyo hiyo akaandika hukumu.

Nikashinda. Korti ikaamuru nirudishiwe cheo changu tangu siku niliyorudi kutoka Kongo. Kesho yake asubuhi nilipokwenda ofisini Arua, mkubwa akanipa barua bila kuniangalia, akanionyesha meza, kiti na rundo la ripoti. Siku hizi, akasema, nyapara anakaa hapa, anajaza hizi.

Nikakaa. Kiti kilikuwa kizuri. Nikaisoma barua polepole, kidole kikifuata, mpaka nikafika jina langu na neno nyapara likiwa mbele yake. Nikaisoma tena. Nikaikunja, nikaitia mfuko wa shati, nikasukuma kiti ndani ya meza kama nilivyokikuta.

"Unakwenda wapi?" mkubwa akauliza.

"Nje hapo," nikasema, nikatoka, nikashika njia ya Koboko, kwa gengi yangu. Ofisini sijarudi mpaka leo.