Skrubu Yenye Rangi ya Njano

Mke wangu hakuja gereji kutengeneza magari. Alikuja kuchukua ufunguo wa nyumba nilioondoka nao mfukoni asubuhi. Akasimama mlangoni, mkono kiunoni, akisubiri nimalizane na gari lililokuwa limenitoa jasho siku mbili. Nikaliwasha kwa mara ya ishirini. Akalisikiliza kidogo, akasema, "Hilo linavuta pumzi pembeni." Nikamwambia ufunguo huo hapo juu ya betri, aende zake. Alipoondoka nikainama, nikakuta mpira wa hewa umepasuka kwa chini, mahali ambapo jicho halifiki. Mimi ningenyamaza, lakini mwenye gari alikuwepo, na mdomo wake hauna breki.

Hiyo ni miaka tisa iliyopita. Siku hizi wateja wakiingia wananipita mimi mwenye gereji kama wanapita nguzo, wanauliza, "Masikio yupo?" Ndilo jina walilompa. Mimi wananiita Kabureta, na zamani jina hilo lilikuwa sifa. Niletee kabureta lolote, kile kifaa cha magari ya zamani cha kuchanganya hewa na mafuta, hata lile lililokaa matopeni mwaka mzima, nilikuwa nalikung'uta, nazungusha skrubu yangu robo, nusu, na injini inatulia kama mtoto aliyeshiba. Sasa makabureta yamekwisha barabarani, na jina limebaki la kunicheka.

Nisiwafiche: nilimwonea wivu. Wala si wivu wa kuhofia mwanamume mwingine, huo ningejua pa kuupeleka. Nilimwonea wivu yeye mwenyewe, mke wangu wa ndoa, mama wa watoto wangu. Akisifiwa mbele yangu nilitabasamu huku roho inaniuma. Kuna muuza mboga mmoja, pikapu yake imeandikwa nyuma "Mwenye wivu ajinyonge." Kila ilipoingia gereji nilitafuta kazi ya kufanya upande wa mbele.

Masikio hayo aliyapata kwa baba yake. Baba mkwe alikuwa fundi wa kutengeneza cherehani, na mke wangu alikulia chini ya meza yake, akiokota sindano kwa kipande cha sumaku. Mzee alikuwa na mchezo wake. Anamfunga binti yake kitambaa machoni, anakanyaga mashine moja baada ya nyingine, na mtoto anataja ipi imekauka mafuta, ipi ina sindano iliyopinda. Akikosea anarudia. Alipofika darasa la nne, hakosei tena. Baba mkwe alinisimulia haya siku ya kwanza nilipokwenda kuposa, nami nikacheka kwa adabu, nikidhani mzee anapamba bidhaa.

Kwetu alianza kwa kutunza vipuri. Mara akaanza kusoma vitabu vya magari vilivyoachwa na wateja. Mara akanunua kimashine cha kuchomeka chini ya usukani, kinachosoma kompyuta ya gari na kukwambia inalalamikia nini. Lakini hata akiwa na kimashine, huanza na masikio. Anaweka kiganja juu ya boneti, anafumba macho, ananyamaza. Wateja nao wananyamaza. Ningefanya mimi hivyo wangesema Kabureta amelala.

Sasa basi, mwaka jana akaja msimamizi wa magari ya hospitali, mtu mrefu, mpole, daftari kwapani. Nilinyoosha mkono kumsalimia. Akanipa wake vizuri tu, ila macho yake yalikuwa yanatafuta mtu nyuma ya bega langu. Hospitali ina magari sita ya wagonjwa. Moja lilikuwa limewashinda mafundi watatu: ukiinua mguu kwenye mafuta, linazima. Lilishazima njia panda na mama mjamzito ndani yake. Fundi wa kwanza alibadilisha plagi, wa pili akabadilisha pampu ya mafuta, wa tatu akasema tatizo ni dereva.

"Mama," msimamizi akamwambia mke wangu, "tunataka fundi wetu wenyewe, akae pale pale hospitalini kwenye karakana yetu. Ukiliponya hili, kazi ni yako. Nitakuja kesho kutwa saa nane."

Mke wangu hakuruka wala hakupiga kelele. Aliniangalia mimi. Nikasema, "Hongera, mama watoto," nikainama kutafuta spana ambayo haikupotea.

Siku iliyofuata akaanza. Aliliwasha gari, akaliacha lipate moto. Injini ikawa inapanda, inashuka, inapanda, inashuka, halafu kimya. "Linakosa hewa ya kusimamia," akasema. Akafungua bomba la hewa, akamulika ndani kwa tochi, akaniita nione. Hakuwa na kiburi na kazi yake, hilo ndilo lililokuwa likiniudhi zaidi. Ndani kuna kibamba cha duara, sisi tunakiita kipepeo. Ukikanyaga mafuta, waya unakivuta, kinafunguka, hewa inaingia kwenye injini. Ukiinua mguu kinajifunga, na kinabakiza kiupenyo chembamba cha hewa. Pale pembeni palikuwa pameganda masizi meusi kama chungu kisichosuguliwa.

Akachomoa betri, akafungua bolti nne, akakitoa chote. Alikisafisha kwa kitambaa na dawa, taratibu, bila kuimwagia dawa ile sensa ya pembeni inayoiambia kompyuta kipepeo kimefunguka kiasi gani. Akakuta pia mpira mdogo wa hewa una ufa. Asubuhi ya siku ya miadi alirudisha kila kitu, akawasha. Injini ikanguruma juu mno, ikivuma kama inataka kuondoka peke yake.

"Mpira una ufa bado, na kompyuta imezoea uchafu," akasema akivua koti la kazi. "Nakwenda kununua mpira, nikirudi nitaifundisha upya kipimo cha hewa. Baba watoto, nakuomba, likinguruma juu liache hivyo hivyo. Usiguse kitu."

Usiguse kitu! Mimi, ndani ya gereji yangu mwenyewe!

Alipotoka nikalizunguka lile gari mara tatu. Nikaliwasha. Likavuma. Nikajisemea, Masikio wenu huyo, amekosea, hata kulituliza gari hawezi. Pembeni ya kipepeo niliona skrubu ndogo inayokizuia kisifunge hadi mwisho. Ilikuwa imepakwa tone la rangi ya njano kiwandani, maana yake kila fundi anaijua: hapa pamepimwa, usipaguse. Lakini mtu aliyekulia kwenye kabureta, akiona skrubu na injini inavuma, mkono unawashwa. Nikatoa bisibisi yangu ndogo, ile isiyotoka mfukoni mwangu. Nikazungusha nusu. Rangi ikabanduka. Injini ikashuka, ikatulia, safi kabisa. Nilisikia raha ambayo sikuwa nimeisikia kwa miaka. Nikajiambia nitamwambia mbele ya msimamizi, kila mtu asikie nani fundi.

Lakini msimamizi aliwahi. Mke wangu alirudi mbio na mpira wake, akamkuta ameshakaa kwenye benchi, daftari magotini. Akaufunga, akaifundisha kompyuta haraka haraka, gari likatulia vizuri pale uani, wakaingia wote wawili wakaondoka. Nami nikajikausha, nikisubiri warudi wakimsifu ili niwape yangu.

Walirudi wakisukumwa. Wapita njia wanne, jasho likiwatiririka, na mke wangu kwenye usukani. Kumbe mpira mbovu ulikuwa unaingiza hewa ya wizi, na hewa hiyo ndiyo iliyonidanganya. Ulipofungwa mzima, na kipepeo nimekifunga mno, injini haikuwa na pa kupumulia. Njia panda ya kwanza aliinua mguu, akakata usukani, likazima. Ya pili, likazima. Kibaya zaidi, kipepeo kilikuwa kinanata: ukikanyaga polepole hakifunguki, ukikaza mguu linaruka mbele. Msimamizi alishuka akiwa amepauka.

Mke wangu akafungua boneti. Akainama. Alikaa pale muda mrefu, hakushika kitu, anaangalia tu. Kisha akainuka, akafuta mikono, akamkabili msimamizi.

"Kosa ni letu," akasema. "Hapana, nisiseme letu. Gari limetoka mikononi mwangu, kosa ni langu. Kwa heshima yako, nipe mpaka kesho."

Msimamizi alifungua daftari lake. Aliandika kitu, akaaga, akaenda.

Nilikuwa na nafasi ya kusema, na sikusema. Nilishika spana nikajifanya nakaza kitu kilichokwisha kukazwa.

Kesho yake alilimaliza. Aliirudisha ile skrubu kidogo kidogo, akipima kwa kimashine chake kila anapozungusha, mpaka kipepeo kikajifunga bila kunata. Akaliendesha mwenyewe njia panda zote za mtaa, na mzigo, na feni, na taa, halikuzima hata mara moja. Dereva wa hospitali akaja akalichukua. Baada ya hapo, kimya. Wiki ikapita. Mke wangu akawa anakuja kazini, anafanya kazi, anarudi nyumbani, lakini haweki tena kiganja juu ya boneti. Anachomeka kimashine moja kwa moja kama mafundi wengine.

Jioni moja, anakunja nguo, akaniambia bila kuniangalia, "Labda nilijiona sana. Huenda mimi ni mtunza vipuri tu."

Jamani! Maneno hayo nilikuwa nimeyasubiri miaka tisa. Nilikuwa nimeyaota. Na yalipokuja, mwanamke niliyemwoa amekaa ukingoni mwa kitanda na soksi za mtoto mkononi, niliona aibu hadi masikio yangu yakawaka. Watu husema kikulacho ki nguoni mwako. Nilizoea kuusema msemo huo nikimfikiria yeye, kumbe mdudu nilikuwa mimi.

Asubuhi sikufungua gereji. Nilikwenda hospitalini, nikamkuta msimamizi kwenye karakana yao, nikamwambia yote nimesimama, kofia mkononi: skrubu, rangi, bisibisi, wivu. Hilo la wivu sikuulizwa, lakini likatoka lenyewe. Nikamaliza kwa kusema, "Mke wangu hakukosea. Msimnyime kazi kwa ujinga wangu."

Msimamizi akanitazama kwa mshangao. "Nani kamnyima kazi? Barua imechelewa tu kusainiwa." Akafungua daftari, akaniwekea kidole pale alipoandika siku ile. "Mafundi watatu, bwana, kila mmoja alimsingizia mwenzake. Hata dereva hakupona. Mkeo ndiye wa kwanza kusema kosa ni langu. Mimi natafuta mtu wa kumkabidhi magari ya wagonjwa. Gari lingepona pale pale siku ile, ningejua ana ufundi tu. Lilipozima ndipo nilipomjua yeye."

Yaani, kwa mkono wangu mwenyewe! Ningekaa mbali na skrubu ile, angekuwa fundi mzuri mmojawapo. Nikamharibia, kumbe namtia kazini. Nilirudi nyumbani sijui nicheke au nilie.

Nilimkuta jikoni. "Ni mimi niliyegusa skrubu," nikasema.

"Najua," akajibu, anaendelea kumenya viazi.

"Unajua?"

"Rangi ya njano ilikuwa kwenye ncha ya bisibisi yako siku nzima, baba watoto. Ilikuwa inachungulia mfukoni."

"Sasa kwa nini hukusema?"

Akaweka kisu chini. "Nimwambie nini mgeni? Kwamba mume wangu ananionea wivu?" Akasukuma bakuli la viazi pembeni. "Nilikuwa nakusubiri useme wewe. Kila siku nilikusubiri. Nikaanza kufikiri, kama hata mume wangu anaona afadhali nianguke, basi labda kweli sifai."

Nilivuta kigoda, nikachukua kisu kingine, tukamenya viazi vyote, mpaka vile vya kesho.

Barua ilikuja siku ya nne. Sasa ana koti jeupe lenye jina lake halisi kifuani, na magari sita. Wivu umekwisha? Thubutu! Wiki iliyopita tu muuza mboga aliingia na pikapu yake, akauliza, "Masikio yupo?" nikahisi kitu kilekile kikinipanda kifuani. Nikamwambia hayupo, nipo mimi. Akashusha pumzi kama mtu aliyekosa daktari akapewa mfagizi.

Pikapu ilikuwa inanguruma juu na kushuka. Nikafungua boneti. Nikaangalia kushoto na kulia, hakuna mtu karibu. Nikatoa simu, nikampigia, nikaisogeza mpaka kwenye injini.

"Nisikilizie," nikamwambia.

Akanyamaza. Upande wa pili nilisikia karakana yao nayo ikinyamaza, nikajua amefumba macho.

"Mpira wa hewa, upande wa kulia, chini," akasema. "Na kipepeo kichafu, kisafishe."

"Haya, mama watoto. Asante."

"Na bisibisi yako?"

"Iko mfukoni."

"Iache huko huko."