Vidonge vya Pande Mbili

Baba alihamia nyumbani kwangu, hapa Mpemba jirani na Tunduma, baada ya kugundulika ana kisukari. Kabla ya hapo aliishi kijijini Ruanda, kwenye kahawa yake, na hakuna aliyewahi kumpangia chakula. Mimi ndiye mkubwa kwa watoto wake, na tangu utotoni naambiwa nina mdomo wa kuamrisha. Nikaona sasa huo mdomo umepata kazi. Niliondoa sukari yote ndani ya nyumba. Watoto wangu walikunywa uji mtupu huku wananung'unika, na mume wangu akahamishia chai yake kwa mama ntilie wa pale yanapoegeshwa malori. Sikujali. Nilitaka baba yangu aishi, basi.

Baba alikuwa mpole, lakini kwenye suala la chai alikuwa mbishi kweli. "Binti, umenifunga jela," aliniambia asubuhi moja.

"Jela watu wanakula bure, mzee. Tulia."

Tulicheka wote wawili. Naikumbuka siku hiyo kwa sababu siku za kucheka hazikuwa nyingi.

Kliniki walimwandikia vidonge vidogo vyeupe vya kushusha sukari, kimoja kila asubuhi pamoja na chakula. Tulivitumia miezi kadhaa. Sukari ikawa inashuka kidogo, kisha inagoma. Kila tulipokwenda kupima, muuguzi alitaja namba na mimi nikarudi nyumbani nimevimba kama niliyefeli mtihani. Nilimshuku baba kwamba anakunywa soda kwa siri. Naona aibu kuandika hivi, lakini kuna siku nilimnusa mdomo. Mzee wa miaka sabini na ushee, nikamnusa mdomo.

Ndipo akaja shangazi, dada yake baba, aliyeolewa Nakonde, ng'ambo ya mpaka. Naye ana ugonjwa huohuo, na mpaka anauvuka kwa miguu kama anayekwenda kwa jirani kuomba chumvi. Alipoona vidonge vya baba alicheka.

"Awe, hapana, hizi za kwenu hazina nguvu," alisema, akatoa mkobani pakiti ya vidonge vya bluu. "Mimi kule natumia hizi. Niangalie nilivyo."

Kweli alikuwa amenawiri. Nilisoma jina kwenye pakiti yake, halikufanana na la pakiti yetu. Nikajipa jibu hapohapo: hizi ni dawa mbili tofauti, zikisaidiana zitaimaliza hii sukari. Kuanzia kesho yake baba akawa anameza cheupe, na cha bluu juu yake. Sikumuuliza daktari. Nilijua atanizungusha, na mimi sipendi kuzungushwa.

Ninachoshindwa kujisamehe ni kazi yangu. Mimi ni karani katika ofisi ya kupitisha mizigo hapa Tunduma. Kutwa nzima napekua makaratasi nikitafuta bidhaa ileile iliyoandikwa kwa majina mawili. Pale mpakani madereva wananiogopa.

Siku ya nne ilikuwa Jumamosi. Baba alimeza vidonge vyake mbele yangu, akanywa uji nusu kikombe, akasema hana hamu. Akachukua jembe akaenda kupalilia mahindi nyuma ya nyumba. Saa sita mchana nilimkuta ameketi kwenye tuta, shati limelowa jasho, mikono inatetemeka. Alikuwa akiongea maneno yasiyoshikana, Kinyiha na Kiswahili humohumo. Kisha akaniangalia, akasema vizuri kabisa, "Binti, nipe chai ya sukari. Kidogo tu."

Nilipandwa na hasira. Akilini mwangu sukari ilikuwa na njia moja tu, ya kupanda, na nikaamini imempanda.

"Umekula nini huko dukani?" nilimfokea.

Alitikisa kichwa. Nilimshika mkono hadi ndani, nikampa kidonge kingine cha bluu na maji. Alikimeza bila ubishi. Mtu mbishi namna ile kunyamaza hivyo, hilo peke yake lilitosha kunishtua, lakini mimi nilifurahi kwamba leo amenisikia. Akajilaza kwenye kochi. Nilipokwenda kumwamsha saa tisa, hakuamka.

Hospitali walimpima, wakahangaika kumtundikia dripu. Daktari, kijana mdogo kwangu, akaniuliza anatumia dawa gani. Nikaweka pakiti zote mbili mezani, tena kwa kujiamini. Alizigeuza, akasoma maandishi madogo yaliyo chini ya yale makubwa.

"Dada, hii ni dawa moja," alisema. "Viwanda ni viwili, kila kimoja kimeipa jina lake. Ndani ni kitu kilekile. Amemeza kipimo mara mbili, na leo mara tatu."

Hakunigombeza. Alinieleza taratibu kwamba sukari ilikuwa imeshuka mno, na kwamba ubongo ukikaa muda mrefu bila sukari kuna vitu havirudi. Nilimuuliza vitu gani. Akasema tusubiri.

Tulisubiri. Baba alifumbua macho siku ya tatu. Siku hizi anakula akilishwa, anatembea akishikwa. Daktari ameshatuambia kwamba alipofikia ndipo hapo, hatapona zaidi. Wanawake wa kanisani walikuja kutupa pole, wakanisifu nilivyomtunza mzazi. Niliwaambia ukweli wote, kidonge kwa kidonge. Wakasema ni mapenzi ya Mungu, wakaomba nafasi ya kuimba. Nilitamani hata mmoja wao anitukane. Shangazi nilipompigia simu alilia tu, na hajavuka tena mpaka.

Bado namwogesha baba mwenyewe kila asubuhi, simwachii mtu. Juzi nilikuwa namfunga vifungo vya shati, akanitazama kwa muda mrefu. Nikasimamisha mikono. Nilidhani jina langu linakuja. Akainamisha kichwa kwa adabu, akasema, "Shikamoo, mama."

Baba yangu mzazi. Nilinyamaza, nikidhani nikinyamaza atajirekebisha. Akanisubiri. Kisha akairudia kwa sauti ya chini, na safari hii niliona anaogopa, anadhani amenikosea.

"Marahaba," nikamjibu.