Pasi ya Moto Katika Shato

Shati lilikuwa bado la moto, na mwenye kulipiga pasi alikuwa ametoweka tangu siku za kwanza za mapigano. Niligusa kola mwenyewe.

Nyumba tuliyokaa tuliiita Shato. Ilikuwa ngome ya zamani ya matofali mekundu, yenye mnara, aliyoijenga Mzungu mmoja upande wa Bel-Air, Lubumbashi, kwa kukumbuka kwao. Katanga ilipojitenga, wenye nyumba wakakimbilia Rhodesia. Walibaki walinzi wawili: mama mdogo, aliyenilea, na mume wake, mpiga pasi wa nyumba. Siku moja makala, yaani makaa ya pasi, yaliisha. Mume akatoka kuyatafuta, asirudi.

Mama mdogo aliendelea kufua mashati ya mume wake na kuyaanika kwenye chumba cha mnara. Sisi tulipikia matawi ya bustani. Makala hatukuwa nayo. Hata hivyo, Jumamosi mchana tulikuta mashati yamenyooshwa, mikono yake ina mstari mwembamba unaoishia kabla ya kifungo. Alivyopiga yeye, na yeye peke yake.

"Aksanti, bwana yangu," mama mdogo aliuambia mlango, akitabasamu kama bibi arusi.

Kisha shemeji yake, mdogo wa mume, akaja kutoka kambi ya wakimbizi, mkeka kwapani. Watu wetu wa Kasai walikuwa wanarudishwa kwao kwa treni. Desturi ilimtaka mjane akae chini mkekani, mume aliliwe, ndipo ukoo umchukue.

"Shemeki, shuka pa mukeka. Tulie muntu yetu."

"Muntu iko anapiga pasi, mutamulilia namna gani?"

"Ao ni weye unapiga?"

"Mie? Bwana yangu alinicheka kila siku: weye unachoma tu!"

Shemeji alicheka, akapanda ngazi. Nilimfuata. Shati lilikuwa mezani. Alifungua pasi: ndani makala yalikuwa mekundu. Alikipangusa kifuniko kwa kiganja, taratibu, kama anayempangusa mtoto uso.

"Yaya," alimwambia kaka yake akitazama dirisha, "treni inaenda kesho."

Alishuka, akakunja mkeka wake.

Mama mdogo hakupanda treni. Alizeeka na kufa Lubumbashi, nasi tulimlilia kama inavyopasa. Mume wake hajaliliwa hadi leo.