Ng'ombe Aliyebaki Mlimani

Siku yangu ya kwanza kazini nilifukuzwa kabla sijafungua mdomo. Ilikuwa Louisville, katikati ya muongo uliopita, katika ukumbi wa kanisa uliojaa Wakongo wenzangu. Nilikuwa mtu wa miaka hamsini na minane, siku za wiki nikipakia maboksi ghalani. Katika kambi ya wakimbizi nilikotoka nilijulikana kwa mashairi ya kuchekesha, na hapo nilialikwa kwenye sherehe ya mahari. Mwenyekiti wa Kamati ya Sherehe akanizuia karibu na mikrofoni, kwa Kiswahili chetu cha Kongo chenye Kifaransa ndani.

"Ulifika kwa wazazi ya bibi arusi?"

"Hapana, Mwenyekiti."

"Donc unataka kuchekesha watu hauwajue? Kaa chini, mzee."

Nikakaa, nikala wali kwa hasira. Kesho yake alinipigia simu, akanifundisha alichokiita kupima nyumba. Kabla ya sherehe unakwenda kwa kila familia, unakunywa chai, unatazama picha ukutani, halafu unauliza swali moja tu: nani hayupo?

"Kila nyumba yetu iko na mutu hayupo," alisema. "Ukimuchekelea huyo, hakuna mutu atakusamehe."

Vijana wa leo mnaojiita wachekeshaji mnadhani kazi ni kushika simu na kukunja uso. Sisi tulifanya kazi ya kupangwa. Wasemaji wa pande mbili walikuwa wakitaniana kuhusu ng'ombe wa mahari, ingawa Marekani ng'ombe huyo ni jina tu, kinacholipwa ni dola. Wakimaliza, niliingia mimi na beti za mistari minne. Mstari wa mwisho, kibwagizo, unarudi kila ubeti, na hapo ndipo ukumbi unapocheka.

Mwaka uliofuata nilimfuata binti yangu Columbus, tukapanga nyumba mtaa wa Linden. Huko mkubwa wangu alikuwa Msemaji Mkuu wa jumuiya, mwalimu mstaafu aliyenisomesha upya. Alinisikiliza akigonga meza kwa kijiko, kila silabi pigo moja, nane na nane. Nikizidisha, kijiko kilisimama hewani. "Mustari yako inachechemea, mzee," alikuwa akisema, nami nilirudi nyumbani kuukata. Miaka miwili ya kijiko hicho ilinipa jina hadi majimbo mengine. Ilinipa na kiburi, sitaficha.

Ndipo nikaitwa Buffalo, mtaa wa Black Rock. Bwana arusi alikuwa mtu wa ziwani kama mimi, bibi arusi wa milimani, watu wa ng'ombe. Nyumbani Kongo pande hizo zilikuwa zimemwagiana damu, na Mchungaji wa kanisa la huko Buffalo alikuwa amehangaika mwaka mzima kuwakalisha pamoja. Nilipaswa kwenda Alhamisi kupima nyumba. Lakini ghala nililofanyia kazi Westerville, karibu na Columbus, liliongeza zamu, nikafika Jumamosi mchana, sherehe imeshaanza. Nikajiambia, mimi ni mkongwe, nitapima kwa macho.

Baba wa bibi arusi alikaa mbele na kikombe cha maziwa mkononi. Kwa desturi yao, akinywa, amemtoa binti. Akikirudisha mezani kimejaa, hakuna ndoa. Watu wote walikuwa wakikitazama kile kikombe. Nikashika mikrofoni.

*Mwaomba ng'ombe wa pembe, Marekani hatumwoni,*
*Kapotea huyo ng'ombe, kachelewa mlimani,*
*Kafuatwa na mjumbe, naye kabaki porini,*
*Baba mkwe tusubiri, ng'ombe yuko safarini.*

Upande wetu walicheka hadi kupiga meza. Upande wa pili hakuna aliyetikisika. Mama wa bibi arusi alijifunika uso kwa kitambaa. Mchungaji akaninong'oneza kwamba walipokimbia vita, kijana wao wa kwanza alirudi kufuata ng'ombe, na hakuonekana tena.

Nilijua nimevunja ndoa ya watoto wawili wasio na kosa, na pengine zaidi ya ndoa, maana vijana wa milimani walikuwa wameanza kusimama. Kicheko cha upande wetu kilikatika. Baba wa bibi arusi akashusha kikombe taratibu, kikasimama hewani kabla tu ya kugusa meza. Bibi arusi alimtazama baba yake bila kupepesa.

"Ule mujumbe iko na jina," mzee akasema. "Anaitwa Muhire. Bon. Ushairi bila jina ni matusi. Utie jina yake."

"Baba, nisamehe. Sikumjua."

"Donc uliza."

Lile swali la chai na picha ukutani, nililouliza nyumba ngapi sijui, siku ile lilikuwa limeshajibiwa bila mimi kuuliza. Nikauliza alikuwa mtu wa namna gani.

"Mutu wa kulala," akasema. "Alikuwa analala sana, hata ng'ombe ndiyo zilikuwa zinamuamusha."

Sijawahi kutunga nikiogopa kiasi kile. Nilikuwa nikigonga silabi kwa kidole pajani, na jasho lilikuwa likiniingia machoni.

*Muhire tunamjua, mwenye usingizi mwingi,*
*Ng'ombe humlamba pua, humwamsha mara nyingi,*
*Nasi angetusumbua, akikoroma kwa wingi,*
*Baba mkwe tusubiri, Muhire yu safarini.*

Mama akatoa kitambaa usoni, na aliyecheka wa kwanza alikuwa yeye, machozi yakimtiririka. Mzee akacheka baada yake, mabega yakitikisika, maziwa yakimmwagikia suruali. Yaliyobaki akayanywa yote.

Nilifanya kazi miaka michache zaidi, na sikuruka tena nyumba hata moja. Mwishowe pumzi ilipungua, na wajukuu zangu walianza kunijibu kwa Kiingereza, hawacheki tena pale ninapocheka mimi. Nimestaafu bila kinyongo. Wakubwa wangu waliniachia swali na kijiko, na swali ndilo nililolidharau siku lilipohitajika. Aibu hiyo bado ninayo.

Mara kwa mara simu inalia kutoka Black Rock. Mzee hasalimii sana.

"Sema ile ya Muhire," ananiambia.

Nami nasema ubeti wote, taratibu. Anacheka palepale penye kukoroma. Halafu tunaagana, wazee wawili, tunakata simu.