Nafasi ya Tarumbeta

Walimwita Bendi Nzima, wala halikuwa jina la kumpamba. Mpiga saksafoni akikosekana, alipiga yeye. Mpiga kinanda akiugua, huyo kwenye kinanda. Mwimbaji akinuna kwa sababu zao waimbaji, aliimba yeye, tena vizuri kuliko aliyenuna. Kati ya wimbo na wimbo alichekesha watu mpaka wakamwaga vinywaji. Kwa miaka thelathini na ushei aliongoza wanamuziki kumi na mmoja kwenye ukumbi wa hoteli ileile, jazi na swingi, koti jeupe na viatu vya kung'aa, na kila Jumapili mchana watu walijaa kucheza.

Kitu kimoja tu hakukigusa. Katika wimbo wao wa kufungia palikuwa na sehemu ya tarumbeta peke yake. Ikifika, Bendi Nzima alinyoosha mkono, wote wakashusha sauti, ngoma na besi zikaendelea taratibu, na tarumbeta halikulia. Wageni walidhani wimbo ulitungwa hivyo. Wapiga tarumbeta wapya, na walipita watano, waliambiwa siku ya kwanza: hapo nyamaza. Mmoja aliuliza kwa nini, akaambiwa ale mshahara wake atulie.

Sehemu ile ilikuwa ya mdogo wake. Utotoni walilala kitanda kimoja, ukubwani wakasimama jukwaa moja. Mdogo wake alijua chombo kimoja tu, lakini alikijua haswa. Kisha mkewe akamkimbia. Jumapili iliyofuata Bendi Nzima alikuwa hana kichekesho kipya, na mdomo wake haukuwahi kuwa na breki. Akashika maikrofoni akawaambia watu kwamba mdogo wake anapuliza kwa nguvu hivyo kwa kuwa nyumbani hakuna tena wa kumsikiliza. Watu wakavunjika mbavu. Mdogo wake naye alicheka kidogo, akapiga sehemu yake hadi mwisho bila kukosea, akafunga tarumbeta kwenye sanduku lake na kuondoka mjini, kisha nchini.

Barua tatu zilirudi bila kufunguliwa. Ya nne Bendi Nzima alishindwa kuiandika, maana kila alipoandika "nisamehe" alijikuta ameongeza mzaha pembeni, akaichana. Alimkosa mdogo wake. Alimkosa kila Jumapili saa kumi na moja, kwa nusu dakika, mbele ya watu mia mbili, na alikuwa radhi aendelee kumkosa hivyo kuliko kumweka mtu mwingine pale.

Mwaka wa ishirini na mbili tangu aondoke, Jumanne ya mazoezi, mlango wa ukumbi ulifunguliwa akaingia mzee mwembamba mwenye mfuko mmoja. Bendi ilikuwa inapiga wimbo wa kufungia. Bendi Nzima hakumtambua mpaka alipokaa, kwa sababu hakuna mwingine aliyekunja mguu wa kushoto namna ile. Sehemu ikafika. Akanyoosha mkono kama kila Jumapili.

Wimbo ulipoisha, mgeni alisogea mpaka jukwaani.

"Kaka, pale kati mbona hamna mtu?"

Ulimi ulimwasha Bendi Nzima aseme mwenyewe alitoka kidogo, anarudi sasa hivi. Akaumeza mzaha huo kwa shida.

"Pale ni pako," alisema. "Nilikukosea, mdogo wangu. Nisamehe."

Mdogo wake aliweka mfuko chini. Kisha akasema miaka yote hiyo alidhani ameshawekwa mwingine, na watu wamemzoea. Bendi Nzima akamkabidhi tarumbeta la mpigaji wa sasa. Mdogo wake akaligeuzageuza, halafu akainua mdomo wa juu. Meno ya mbele hayakuwapo, na bila hayo tarumbeta halipigiki. Wanamuziki wengine wakajifanya wanakagua vyombo vyao.

"Piga wewe, kaka."

"Hiyo siijui," Bendi Nzima alisema, na ilikuwa kweli. Yeye aliyejua sehemu ya kila mtu hakuwahi kujifunza ile.

Mdogo wake akavuta kiti, akaanza kumwimbia kipande kwa kipande, kwa sauti iliyovuja upepo mdomoni. Bendi Nzima akapuliza.

"Sivyo," alisema mdogo wake. "Unapiga kama mtu anayengoja kushangiliwa. Rudia."

Bendi Nzima akafuta macho kwa mkono wa koti, akarudia.