Leso ya Mlinzi

Filamu ilihusu jaribio la wanasaikolojia waliowagawa watu wa kawaida, hawa wafungwa, hawa walinzi. Mwigizaji mmoja aliigiza mlinzi, na sauti yake ilikwaruza kama bawaba yenye kutu. Lakini kila mara mwongozaji aliposema "Kata!", alikuwa na mazoea yake: anafungua seli, anamfuta mfungwa wake jasho kwa leso, anauliza, "Sijakuumiza, kaka?"

Leo "Kata!" ilisemwa, naye akabaki nje ya nondo, funguo mkononi. Mfungwa moyo ukamlipuka paa. Jamani, cheo kimemlevya huyu! Kisha akamwona anapapasa mfuko huu, anapapasa ule, uso umemshuka.

"Samahani, kaka. Leso nimeisahau nyumbani."

Mfungwa akashusha pumzi. "Fungua tu, bwana wee. Nitajifuta kwa shati lako."